Humu Hamuna Mukuba

Moshi ndio ulioniamsha. Ulikuwa moshi wa plastiki, ule mzito unaokwama kooni, na huku kwetu Kampemba, Lubumbashi, nchini Kongo, hakuna asiyejua maana yake. Mahali fulani vijana wanachoma waya ili ngozi iungue, wabaki na mukuba, yaani shaba, wauwahishe kwa wanunuzi wa mitraye, vyuma chakavu, kabla jua halijapanda.

Nilifungua mlango wa lupango, uwanja wa nyumba yetu, nikaona kamba nyeusi ya intaneti inaning'inia kutoka kwenye nguzo, imekatwa. Ng'ambo ya mfereji alisimama kijana wa miaka 14 hivi, ameshika kipande cha urefu wa mkono wake, ncha moja imeungua. Alikuwa anakigeuzageuza. Aliponiona hakukimbia.

"Mama, humu hamuna mukuba," aliniambia, kwa sauti ya mtu aliyeuziwa mbuzi kwenye gunia. "Ni machupa tu."

Akakitupa mferejini, akaenda zake.

Siku 4 sikuwa na intaneti. Nina sekretaria ndogo mbele ya lupango: kompyuta 2, printa, mashine ya fotokopi. Wazazi walikuja na karatasi za kuandikisha watoto chuo kikuu, wakarudi nazo nyumbani. Kijana aliyetaka kutuma barua ya kuomba kazi alisubiri mpaka jioni, akaondoka bila kuniaga. Hasira ilinijaa, nikawaapiza wezi wote wa Katanga.

Hasira ikaisha, kama ilivyo kawaida yake. Yale maneno hayakuisha. Nikiosha vyombo ninayo. Nikisubiri umeme urudi ninayo. Humu hamuna mukuba.

Kwa nini yaniume, wakati kijana alisema kweli, maana ndani ya kamba ile mna nyuzi za kioo?

## Mkoa ulioitwa Shaba

Baba yangu alifanya kazi kwenye kiwanda cha kuyeyusha mukuba, chini ya ile chimini ndefu ya kutolea moshi. Tanuru ya kwanza pale iliwashwa mwaka 1911, mwaka mmoja baada ya mji kuanzishwa, na kwa watu wa rika la baba historia ya Lubumbashi yote ilitoka ndani ya tanuru ile. Mkoa wenyewe wa Katanga, kuanzia 1971 hadi 1997, uliitwa Shaba. Sisi tuliosoma shule miaka ile tuliandika jina hilo juu ya kila daftari, na hatukuona ajabu kuishi mahali panapoitwa kwa jina la kitu kinachochimbwa chini ya miguu yetu.

Siku moja baba alinipeleka ofisini kwao, akanishikisha simu. Akaniambia sauti ninayoisikia inapita ndani ya mukuba. "Mukuba wetu ndio unaobeba maneno ya dunia," alisema. Alikuwa mtu wa maneno machache, na hayo aliyasema taratibu ili niyashike.

Hakukosea. Telegrafu ilikuwa mukuba, simu ilikuwa mukuba, na kebo ya televisheni ilipokuja nayo ilikuwa mukuba. Kebo ile ina uzi mmoja katikati, umezungushiwa plastiki, juu yake wavu wa chuma, kisha ngozi ya nje. Oliver Heaviside wa Uingereza aliipatia hati ya uvumbuzi mwaka 1880. Wavu unazuia makelele ya nje yasiingie na mawimbi ya ndani yasivuje, kwa hiyo waya mmoja unabeba stesheni nyingi bila kugombana.

Ila kebo hiyo sisi haikutufikia majumbani. Tulipata antena juu ya bati, kisha parabole, yaani dishi la setilaiti, na dekoda. Na zile waya za simu za serikali, baada ya uporaji wa 1991 na 1993, zilikufa polepole mpaka watoto wetu wakakua bila kujua kwamba simu iliwahi kuwa na mkia.

Hapo ndipo panaponiuma. Tulichimba mukuba uliounganisha miji ya watu. Zamu yetu ya kuunganishwa ilipofika, dunia ilikuwa imehamia kwenye kioo.

Mwaka 1966 ndio unaonisumbua kuliko yote. Mwaka huo Élisabethville ikawa Lubumbashi. Ulipokuwa unakwisha, serikali ikachukua mali ya Union Minière, kampuni ya Wabelgiji ya migodi, na huko ndiko ilikotoka kampuni tuliyokuja kuiita Gécamines. Baba alikuwa akisimulia siku zile na macho yanang'aa: mukuba sasa ni wetu. Na mwaka huohuo, katika maabara ya Harlow, Uingereza, Charles Kao na mwenzake George Hockham walichapisha makala kwamba kioo kinaweza kubeba mawasiliano kwa mwanga hadi mbali sana, mradi kisafishwe.

Kioo cha wakati ule kilikuwa kichafu kiasi kwamba ndani ya mita 20 tu, asilimia 99 ya mwanga ilikuwa imepotea. Kao akasema: tukipata kioo ambacho asilimia 1 inafika mwisho wa kilomita 1, inatosha kuanza kazi. Mwaka 1970 watafiti wa Corning huko Marekani wakakipata. Leo mwanga unasafiri kilomita 15 ndani ya uzi wa kioo na nusu yake bado ipo. Kao alipewa tuzo ya Nobel mwaka 2009, na kwa kazi hiyo nasema aliistahili.

Baba alikufa bila kulisikia jina lake.

Najua mukuba haujafa. Umeme unauhitaji, magari ya betri yanauhitaji, na nchi yetu leo ni miongoni mwa wazalishaji wakubwa kabisa duniani. Malori yanayopita usiku yananikumbusha hilo kila siku. Lakini baba hakujivunia tani. Alijivunia sauti.

## Fundi na uzi wake

Siku ya nne fundi alikuja na ngazi, na meza ndogo ya kukunja akaiweka kando ya barabara, kwenye kivuli cha mwembe. Niliacha kazi nikakaa karibu naye. Sikuwa na kazi, kwa kweli.

Alichana ngozi nyeusi. Ndani mna mirija, na ndani ya mirija mna nyuzi, kila moja na rangi yake: bluu, machungwa, kijani, kahawia, kijivu, nyeupe, mpaka zitimie 12. Alichukua ule wa bluu, akauvua rangi kwa koleo dogo, akaufuta kwa kitambaa chenye alkoholi. Kilichobaki nilikiona pale tu kilipopata jua. Kina unene wa unywele, na njia ya mwanga yenyewe iko katikati, mikroni 9 basi, yaani sehemu 9 za elfu za milimita.

Akaukata kwa kijisu maalumu. Alinieleza kwamba mkato ukipinda hata kidogo, kiungo kitavuja. Akalaza ncha mbili ndani ya mashine yake, zikatokea kwenye kioo cha mashine zimekuzwa, kama mabomba mawili ya maji yanayotazamana. Mashine ikazisogeza yenyewe, juu, chini, kulia. Kisha cheche. Nilipotazama tena, mabomba mawili yalikuwa moja, na chini yake namba ya mwanga unaopotea kwenye kiungo: 0.02.

"Hapo hamna hata kovu, mama," alisema.

Akavalisha kiungo kijishati cha plastiki, akakipasha moto, akahamia kwenye uzi wa machungwa. Mara 12. Hakuinua kichwa hata kondakta wa basi alipomtania. Nilimtazama nikamkumbuka baba, ambaye naye alikuwa hivyo mbele ya tanuru, kwa jinsi wenzake walivyotusimulia matangani.

Nilimuuliza kamba hii inatoka wapi.

"Kasumbalesa."

Yaani inaingia kutoka Zambia, na Zambia nayo haina bahari. Mwanga unakuja kutoka pwani ya Bahari ya Hindi, ambako kebo za chini ya maji, SEACOM ya 2009 na EASSy ya 2010, zimelala sakafuni. Upande wa Atlantiki, kule Muanda, nchi yetu iliunganishwa na WACS mwaka 2013 tu. Mukuba unatokea Kasumbalesa, mwanga unaingilia Kasumbalesa. Barabara ni moja.

Nilifurahia wazo hilo siku nzima. Kesho yake likaanza kunichokoza.

Kwa sababu barabara ile tunaijua. Tunajua ilijengwa kwa ajili ya nani. Hata umeme: laini ya kutoka bwawa la Inga hadi Kolwezi, kilomita 1,700, ilikamilika 1982 ili kulisha migodi, na vijiji vilivyolala chini yake vilibaki na koroboi. Kamba ya kioo nayo inapita avenyu kuu, inaingia benki, inaingia kwenye ofisi za migodi, inapita mbele ya malupango 100 bila kugeuka. Mimi niliunganishwa kwa kuwa niko kando ya barabara na nililia sana.

Je, si hadithi ileile?

## Wachimba makaa

Nikaanza kusoma, usiku, umeme ukiwapo. Nilitaka kujua ilikuwaje kwa wenzetu waya ukafika hadi sebuleni. Nilitegemea kukuta waziri fulani mwenye mpango mkubwa, au tajiri fulani. Nikakuta miji ya wachimba migodi.

Pennsylvania, Marekani, mwishoni mwa miaka ya 1940. Mahanoy City na Lansford ni miji ya makaa ya mawe, imebanwa na milima. Philadelphia walikuwa na televisheni, lakini mawimbi yake yaligonga mlima yakaishia hapo. Mahanoy City palikuwa na John Walson, mwenye duka la vyombo vya umeme. Televisheni zake haziuziki, maana ukiwasha unaona chengachenga tu. Inasimuliwa kwamba mwaka 1948 alipandisha antena mlimani, akashusha waya mpaka dukani, na waliokuwa njiani wakaomba nao wachomekwe. Wengine wanabisha tarehe. Mwaka huohuo, mbali kabisa, kwenye mji wa Astoria jimbo la Oregon, Ed Parsons aliweka antena juu ya hoteli akanasa stesheni ya Seattle, kilomita 200 hivi kutoka kwake. Nyumba yake ilijaa wageni jioni hata jioni, ikambidi awavutie wengine waya.

Lansford ndiyo niliyoipenda. Mwaka 1950 Robert Tarlton, naye muuza televisheni, alikusanya wenzake, wakasimamisha mnara mmoja mlimani na kuteremsha kebo nyumba kwa nyumba, kila mmoja akilipa ada ya mwezi. Tangu 1948 serikali yao ilikuwa imesimamisha leseni mpya za stesheni, na hazikufunguliwa tena hadi 1952. Aliyesubiri, alisubiri bure.

Mfumo huo waliuita antena ya jamii.

Nilisoma maneno hayo nikasimama. Antena moja, mahali pa juu ambapo peke yako huwezi kupafikia, na waya unaogawanyika kwa majirani. Watu wanaorudi nyumbani na vumbi la mgodi kwenye kope, kama baba zetu, walivuta waya wao wenyewe kushuka mlimani. Ninajua Tarlton alitaka kuuza televisheni zake, sikatai. Hata hivyo waya ulifika.

Na ndani ya waya ule, mukuba. Sijui ulichimbwa wapi, na sitaki kubuni.

## Njia ya kwenda tu

Hapa nitapita haraka. Kebo ile ya mwanzo ilikuwa ya upande mmoja. Picha zinashuka kutoka mlimani, hakuna kinachopanda. Kila mita mia kadhaa palikuwa na kikuza mawimbi, kwa sababu mukuba unachosha mawimbi, na kila kikuza kiliongeza kelele yake kidogo. Mwaka 1975 HBO, stesheni ya kulipia ya Marekani, ilirusha pambano la Ali na Frazier kutoka Manila kwa setilaiti hadi kwenye mitandao ya kebo, na baada ya hapo kebo haikuwa tena dawa ya milima, ikawa biashara ya nchi nzima.

Mwaka mmoja kabla ya hapo, 30 Oktoba 1974, Ali alipigana na Foreman kwetu Kinshasa, saa 10 alfajiri, ili Marekani waone jioni yao. Wazee bado wanasimulia kwa furaha, na mimi furaha hiyo ninayo. Ila nikiifikiria sasa, hata usiku ule saa yetu ilipangwa na mtazamaji wa mbali.

Ili kebo ibebe intaneti ilibidi ifunguliwe njia ya kurudi: vikuza vibadilishwe, nyuzi za kioo ziletwe hadi mtaani, mukuba ubaki kipande cha mwisho cha kuingia nyumbani. Kanuni ya pamoja ya modemu za kebo, DOCSIS, ilitoka 1997. Kutoka hapo mtu wa Lansford aliweza kujibu.

Na jambo moja fundi alilithibitisha nilipomuuliza: hata laini ya kioo si yako peke yako. Uzi mmoja kutoka kituoni unagawanywa kwa kijisanduku kisichotumia umeme, na kwa kawaida unahudumia nyumba 32, au hata 64. Jioni wote mkiingia, mnabanana. Antena ya jamii haijaisha, imebadilisha nguo tu.

## Neno la siri

Majirani walinijia wiki ileile. Mama wa lupango la kushoto, kisha wa kulia, kisha wale vijana wa nyuma wanaopanga chumba. Bomba la maji tunatumia pamoja, mita ya umeme tunagawana bili yake. Kwa nini si hili? Nilikuwa nimetoka kusoma habari za Lansford, moyo umejaa. Nikawapa neno la siri la Wi-Fi yangu, nyumba 6, kila moja ichangie franka kidogo mwisho wa mwezi.

Mkataba wangu unakataza kuuza tena. Mimi siuzi, tunachangia. Lakini nimelala na swali hilo usiku mwingi, na sijalimaliza.

Mwezi wa kwanza ulikwenda vizuri. Mwezi wa pili nyumba 2 hazikulipa. Jioni vijana wa nyuma walikuwa wakitazama mpira, na mimi nina kazi ya mteja yenye kurasa 80 haitaki kwenda. Niliona ninaonewa. Usiku mmoja, saa 4, nikabadilisha neno la siri bila kumwambia mtu. Nikalala vizuri.

Asubuhi binti wa lupango la kulia, aliyekuwa anajiandaa kwa mtihani wa taifa, alisimama nje ya dirisha langu na simu mkononi, ameinyoosha juu kama tulivyokuwa tukinyoosha antena zamani.

"Mama, shikamoo. Wezi wamekata tena?"

Sikuweza kumjibu. Nilimwambia asubiri kidogo, nikaingia ndani nikakaa kitandani.

Kisha nikatoka nikamwandikia neno jipya kwenye karatasi. Jioni niliwaita wote chini ya mwembe, nikawaambia ukweli kwamba mwizi wa jana alikuwa mimi. Mama wa kushoto alicheka mpaka akajifuta macho. Tukapatana: kuanzia saa 1 hadi saa 3 usiku ni wanafunzi kwanza, video zisubiri. Asiye na pesa mwezi huu aseme mapema, tutambeba. Mwenye mpira atazame kwa wajomba zake. Karatasi ya mapatano niliichapisha mwenyewe, imebandikwa kwenye mlango wa sekretaria.

Haijamaliza ugomvi. Juma lililopita mmoja alivunja mapatano, na sauti zilipanda. Ila ugomvi wa watu 6 juu ya waya mmoja, nimeuona mwingine wa aina hiyo wapi? Kwenye bomba la maji. Na bomba bado linatoa.

## Kibao

Fundi alirudi kuniomba nimtengenezee maandishi ya kufunga kwenye nguzo, ili vijana wasikate tena. Alitaka maneno matatu tu: HUMU HAMUNA MUKUBA.

Nilikataa. Nikamwambia siwezi kuandika juu ya kitu kwa kutaja kile tu kisichokuwamo. Akasema mwizi hasomi hotuba. Tulibishana kwa urafiki, akiwa amesimama, kofia mkononi, mpaka tukaafikiana mstari wa pili kwa herufi ndogo: *Ndani ni kioo. Watoto wa avenyu hii wanakisomea.* Nilichapisha nakala 5, nikazivalisha plastiki. Hakuna aliyenilipa, wala sikudai.

Yule kijana nilimwona tena jana. Alikuja na mdogo wake kupiga fotokopi ya cheti cha kuzaliwa, akajifanya hanijui. Nilimjua kwa mikono, bado ina weusi wa moshi kwenye kucha. Alikuwa anasoma kibao kupitia dirishani, midomo inacheza.

Fundi alikuwa ameniachia kipande kifupi cha kamba ya manjano, chenye vichwa pande zote mbili, kilichoharibika. Nilikitoa kwenye droo. Nikamwambia awashe tochi ya simu yangu, aigusishe kwenye kichwa kimoja, atazame kile kingine upande wa ukuta.

Kikatokea kitone cheupe, kidogo kama tundu la sindano.

Akaziba tochi kwa kidole gumba. Kitone kikazimika. Akaachia, kikawaka. Akaziba tena. Mdogo wake akasogea, akaomba naye ajaribu, akanyimwa. Walirudia mpaka mteja wa nyuma akaanza kunung'unika, na mimi nikamwambia asubiri.